Ukali Hupimwa Mara Mbili

Sabuni ya maji ni biashara isiyohitaji kiwanda. Katika uani wa nyumba nyingi za Dar es Salaam, Mombasa na Kampala hutengenezwa kwa ndoo mbili tatu, mti mrefu wa kukorogea na madumu yaliyooshwa vizuri. Kazi huanza na uji mzito wa rangi ya kahawia, asidi ya salfoniki, unaomiminwa kwenye maji na kukorogwa taratibu. Kisha hufuata soda ashi, unga mweupe uliokwisha kuyeyushwa pembeni, nao hutiwa kidogo kidogo. Hapo ndipo fundi anapojulikana. Soda ikipungua, sabuni hubaki na tindikali na mikono ya mwosha vyombo huwasha. Ikizidi, ngozi hukauka na kupasuka. Wazoefu hukisia kwa kutazama povu na uzito. Walio makini huchana kipande cha karatasi ya njano, hukichovya, kisha hulinganisha rangi yake na zile zilizochapwa kwenye kisanduku. Ikiangukia karibu na namba 7, madumu hujazwa.

Wanaoitumia karatasi hiyo ni wengi: wauguzi, wahudumu wa mabwawa ya kuogelea, wafugaji wa samaki, wanafunzi wa kidato cha nne. Wachache kati yao wamewahi kuuliza inapima nini hasa. Jibu lina pande mbili, na upande mmoja husahauliwa mara nyingi, hata na watu wanaouza bidhaa kwa jina la sayansi.

Ulimi ndio uliotangulia vipimo vyote. Ndimu, ukwaju na siki ni vikali mdomoni kwa sababu vina tindikali. Maji ya majivu na ya magadi yana ladha chungu na huteleza vidoleni kama sabuni, maana ni alkali. Lakini ulimi hauwezi kusema hiki kimezidi kile mara ngapi, na kwa vitu kama maji ya betri au kostiki soda, anayeonja hataonja tena kwa muda mrefu.

Rangi ni salama zaidi, na kila mfua nguo ameshaiona ikifanya kazi. Shati jeupe likidondokewa na mchuzi wa binzari manjano, doa huwa la njano. Likipakwa sabuni ya mche, doa hugeuka wekundu wa damu ya mzee, na mwenye shati hudhani limeharibika moja kwa moja. Hakuna kilichoharibika. Rangi ya binzari hubadilika inapokutana na alkali, na tone la ndimu huirudisha kwenye njano. Maji ya rozela, ambayo wengine huyaita choya, nayo hubaki mekundu kwenye tindikali na huelekea bluu au kijani yakitiwa magadi.

Robert Boyle, mwanasayansi wa Uingereza, aliandika juu ya jambo hili katika kitabu chake kuhusu rangi kilichotoka mwaka 1664. Alitumia sharubati ya maua ya zambarau: tindikali iliigeuza nyekundu, alkali ikaigeuza kijani. Baadaye maua yalivipisha viumbe vya ajabu zaidi, kuvumwani, vinavyoota juu ya miamba na magome ya miti. Humo ndimo inamotoka litmasi, rangi inayokuwa nyekundu kwenye tindikali na bluu kwenye alkali. Pwani ya Afrika Mashariki ilikuwa na kuvumwani za jamii hiyohiyo, zikijulikana kama malele. Katika karne ya 19 zilikusanywa na kupakiwa majahazini, zikapitia Zanzibar kwenda Ulaya, hasa kwa ajili ya kutia rangi nguo.

Hata hivyo, rangi ilisema tu ni tindikali au si tindikali. Wafanyabiashara walitaka zaidi ya hapo. Mnunuzi wa siki alitaka kujua kama imeongezwa maji, na mwenye kiwanda cha kupausha vitambaa alitaka kujua kama majivu aliyouziwa yana alkali ya kutosha au yamechanganywa na mchanga. Mwaka 1729 Claude Joseph Geoffroy wa Ufaransa alipima siki kwa kuitia unga wa alkali kidogo kidogo hadi povu lilipokoma. Kadiri siki ilivyohitaji unga mwingi, ndivyo ilivyokuwa na nguvu. Mwaka 1756 Francis Home wa Uskoti aligeuza hesabu hiyo: alichukua majivu, akayatia asidi ya nitriki iliyopunguzwa kwa maji, akahesabu vijiko vya chai hadi mchemko ulipoisha. Miaka 11 baadaye, William Lewis aliacha kutegemea povu na kutumia karatasi ya litmasi kujua pa kusimamia.

Vijiko vile vya Home ndivyo mababu wa bureti. Kila aliyepita maabara ya sekondari anaikumbuka: bomba refu la kioo lenye alama, bilula ndogo chini, chupa inayotikiswa kwa mkono mmoja, na tone moja la mwisho linaloibadilisha rangi ghafla. Ukizidisha tone, unaanza upya. Njia hiyo, titresheni, inajibu swali la wingi: humu ndani mna tindikali kiasi gani kwa jumla?

Swali la pili lilichelewa, kwa sababu lilihitaji kwanza mtu aeleze tindikali ni kitu gani. Kazi hiyo ilifanywa na Svante Arrhenius wa Uswidi. Katika tasnifu yake ya mwaka 1884 alidai kwamba chumvi na tindikali zikiingia majini huvunjika vipandevipande vyenye chaji ya umeme, yaani ayoni. Wasahihishaji wake hawakupendezwa na wakampa alama za chini. Mwaka 1903 alipewa Tuzo ya Nobel ya kemia. Kwa maelezo yake, tindikali ni kile kinachoachia ayoni za haidrojeni majini, na alkali ni kile kinachoachia ayoni za haidroksaidi. Zikikutana, hushikana na kuwa maji. Ndiyo sababu moja huizima nyingine ndani ya ndoo ya sabuni.

Basi ukali ukawa jambo la kuhesabika: ni ayoni ngapi za haidrojeni zilizo huru katika lita moja? Tatizo lilikuwa namba zenyewe. Maji safi kabisa, kwenye nyuzi 25 za Selsiasi, yana takriban gramu 0.0000001 ya ayoni hizo kwa lita. Juisi ya ndimu ina maelfu ya mara ya kiasi hicho, na maji ya magadi yana sehemu ndogo mno ya hicho kidogo. Nani angeandika sifuri zote hizo kila siku bila kukosea?

Aliyechoka nazo alikuwa Mdenmaki, Søren Sørensen, mkuu wa idara ya kemia katika Maabara ya Carlsberg mjini Copenhagen. Maabara hiyo ilianzishwa mwaka 1875 na mwenye kiwanda cha bia cha jina hilo, na watafiti wake walichunguza kimea, hamira na vimeng'enya. Sørensen aliona kwamba vimeng'enya hufanya kazi vizuri au vibaya kutegemea ayoni za haidrojeni zilizopo. Mwaka 1909 akapendekeza kipimo cha pH. Wazo lake linaweza kuelezwa bila hesabu za logi: chukua ile 0.0000001 ya maji safi, hesabu sifuri zote pamoja na iliyo mbele ya nukta. Ni 7. Hiyo ndiyo pH ya maji safi. Kitu chenye 0.01 kina sifuri mbili, basi pH yake ni 2. Sifuri zikipungua, ayoni zimeongezeka, na ndiyo maana namba ndogo humaanisha tindikali kali.

Linalowakosesha wengi ni kwamba kila hatua moja ni mara 10. Maziwa yanayotoka kukamuliwa huwa na pH ya 6.6 hivi. Yakiganda na kuwa mtindi hushuka hadi 4.6 au pungufu. Tofauti ya 2 inaonekana ndogo kwenye karatasi, lakini mtindi una ayoni za haidrojeni mara 100 zaidi ya maziwa yaliyouzaa. Damu ya binadamu hukaa kati ya 7.35 na 7.45, na ikishuka chini ya 6.8 maisha huwa hatarini. Maji ya bahari duniani yalikuwa na wastani wa 8.2 kabla ya zama za viwanda. Leo ni 8.1 hivi, kwa sababu bahari inameza kabonidayoksaidi inayotokana na makaa na mafuta. Ile nukta moja tu ina maana ya ongezeko la ayoni linalozidi robo, na matumbawe na kome wanaojenga nyumba zao kwa chokaa wanalihisi.

Kwa anayetaka kuona kipimo hicho kikivutwa pande zote mbili, hakuna mahali bora kuliko Bonde la Ufa. Kusini, Ziwa Natron la Tanzania na Ziwa Magadi la Kenya yana pH inayopita 10. Maji yanayoingia humo huleta chumvi za sodiamu kutoka kwenye miamba ya volkano, jua hukausha maji, na chumvi hubaki zikirundikana. Magadi huchimbwa huko Kenya tangu mwanzoni mwa karne ya 20 na kuchomwa kuwa soda ashi, unga uleule wa mtengeneza sabuni. Yale ya mapande yamekuwa jikoni kwa vizazi vingi, kwenye makande, kisamvu na mlenda, na kwenye ugoro wa wazee. Alkali hulainisha kuta za chembe za maharage na mahindi, hivyo kuni huokolewa. Lakini huharibu vitamini B1, na mpishi anayemwaga magadi kwa kiganja anapoteza alichokuwa anakipika.

Ndani ya maji hayo makali wanaishi samaki wadogo wa jamii ya sato. Samaki wengi hutoa uchafu wa mwili kama amonia kupitia matamvua, njia ambayo haifanyi kazi katika maji ya pH 10. Sato wa Magadi amepata njia nyingine: hutoa urea, kama mamalia. Heroe wadogo, ambao wengi huwaita flamingo, huzaliana Natron kuliko mahali pengine popote Afrika Mashariki, kwa kuwa adui hathubutu kuvuka tope lile.

Kaskazini mwa bonde hilohilo, huko Dallol katika jimbo la Afar nchini Ethiopia, chemchemi za moto hutoa maji ya kijani na njano yenye pH karibu na sifuri, na mengine chini ya sifuri. Ndiyo, chini ya sifuri. Vitabu vya shule huchora mstari kuanzia 0 hadi 14, na wengi hudhani hapo ndipo kuta zilipo. Sifuri maana yake ni gramu moja tu ya ayoni za haidrojeni kwa lita, na hakuna sheria inayokataza zaidi.

Karatasi ya rangi ina udhaifu wake, na malimau ya California ndiyo yaliyoufichua. Mwaka 1934 Glen Joseph, mkemia wa ushirika wa wakulima wa matunda jimboni humo, alikwama kupima juisi iliyohifadhiwa kwa salfadayoksaidi, gesi inayopausha rangi za vionyeshi. Akamwendea Arnold Beckman, rafiki yake wa masomo aliyekuwa akifundisha kemia. Njia ya kupima kwa kutumia kioo chembamba ilikuwepo tayari: kioo fulani huzaa umeme kidogo unaobadilika kulingana na ayoni zilizo upande wa pili. Umeme huo ulikuwa dhaifu mno. Beckman aliukuza kwa valvu za redio, akafunga kila kitu ndani ya sanduku moja la mbao, na mita ya pH ikaanza kuuzwa kwa dola 195. Mita za leo zinazotosha mfukoni hutumia kioo cha aina hiyohiyo, na huhitaji kurekebishwa kwa maji maalumu yenye pH inayojulikana. Asiyefanya hivyo anasoma namba za kubuni.

Sasa ule upande unaosahauliwa.

Chukua chupa mbili zenye wingi sawa wa tindikali kwa hesabu ya molekuli. Moja ina asidi ya haidrokloriki, ile iliyomo tumboni, na nyingine ina asidi ya asetiki, ile ya siki. Kila moja ina sehemu 0.1 ya moli, kizio cha kuhesabia molekuli, kwa lita. Mita itasoma 1 kwenye ya kwanza, na karibu 2.9 kwenye ya pili. Asidi ya haidrokloriki imevunjika yote, kila molekuli imeachia ayoni yake. Asidi ya asetiki imebana: katika molekuli 1,000, ni kama 13 tu zilizoachia. Kwa lugha ya kemia, ya kwanza ni asidi yenye nguvu na ya pili ni dhaifu. Lakini ziweke chini ya bureti yenye kostiki soda, na zote mbili zitahitaji kiasi kilekile hadi zizimike. Kila ayoni iliyo huru ikichukuliwa, molekuli nyingine ya siki huachia ya kwake, hadi akiba yote iishe. Kusoma pH peke yake ni kuhesabu watu waliokaa barazani bila kuuliza waliomo ndani ya nyumba.

Ukilishika hilo, matangazo ya "maji ya alkali" yanapungua utamu. Muuzaji huonyesha kwa fahari karatasi iliyogeuka bluu: pH 9! Maji hayo, ikiwa hayana chumvi nyingine za magadi, yana moli 0.00001 za haidroksaidi katika lita nzima. Maji ya tumbo yenye pH 2 yana kiasi kama hicho cha tindikali katika mililita moja, yaani sehemu ya tano ya kijiko cha chai. Lita ya maji ya gharama huzimwa kabla mnywaji hajaweka glasi mezani. Kwa upande mwingine, gramu 5 za soda ya kuokea zikiyeyushwa majini husoma pH ya 8.3 tu, chini ya yale ya chupa, lakini zina uwezo wa kuzima tindikali karibu mara 6,000 zaidi. Namba kubwa imeshindwa na namba ndogo kwa sababu hazikuwa zikipima kitu kimoja. Na damu, ambayo ndiyo huwa inatajwa kwenye matangazo hayo, inalindwa na mapafu na figo usiku na mchana. Haingojei chupa ya dukani.

Nguvu ya kikemia pia si kipimo cha hatari. Asidi ya haidrofloriki inahesabiwa miongoni mwa dhaifu, lakini hupenya ngozi na kufunga kalsiamu ya mwili, na imeua watu kwa majeraha yaliyoonekana madogo. Alkali nazo hudharauliwa kwa kuwa haziogopwi kama tindikali. Kostiki soda ikirukia jicho hugeuza mafuta ya seli kuwa sabuni na kuendelea kuzama ndani, kwa kawaida zaidi kuliko tindikali nyingi zinavyofanya. Mtengeneza sabuni avae miwani, na ikitokea ajali, aoshe jicho kwa maji mengi yanayotiririka kwa dakika nyingi kabla na wakati wa kukimbilia hospitali. Asijaribu kuzima alkali jichoni kwa ndimu.

Mahali ambapo tofauti ya vipimo viwili inagharimu pesa nyingi zaidi ni shambani. Udongo wa nyanda nyingi zenye mvua, kuanzia magharibi mwa Kenya hadi Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania, umechujwa kalsiamu na magneziamu kwa karne nyingi. Mbolea zenye amonia zikitumiwa msimu baada ya msimu huongeza tindikali. Chai ya Kericho na Mufindi haina neno, kwani hupenda pH ya 4.5 hadi 5.5. Mahindi na maharage hayavumilii. Udongo ukishuka chini ya 5.5 hivi, aluminiamu iliyofungwa kwenye chembe za udongo huanza kuyeyuka na kudumaza ncha za mizizi, na fosforasi ya mbolea hushikwa isiufikie mmea. Mkulima huongeza mbolea na mavuno hayaongezeki.

Dawa ni chokaa ya kilimo, na hapo ndipo mita ya bei nafuu inapodanganya. Mashamba mawili yanaweza kusoma pH 5 yote mawili. La kichanga litapanda hadi 6 kwa chokaa kidogo. La mfinyanzi wenye mboji nyingi linaweza kuhitaji mara kadhaa ya kiasi hicho, kwa kuwa limeficha akiba kubwa ya tindikali juu ya chembe zake. Maabara hulijua hilo kwa kuchanganya udongo na maji maalumu yanayopinga kubadilika, kisha kupima yameshushwa kiasi gani.

Kwa hiyo mwenye shamba asiishie kuuliza "pH yangu ni ngapi?" Achukue udongo wa kina cha sentimita 20 kutoka sehemu nyingi za shamba, auchanganye kwenye ndoo safi, auanike kivulini, apeleke nusu kilo hivi kwenye maabara ya udongo kama ya taasisi ya utafiti wa kilimo ya TARI, Mlingano mkoani Tanga, ya Chuo Kikuu cha Sokoine mjini Morogoro au ya taasisi kama hiyo ya Kenya, KALRO, huko Kabete, na adai majibu mawili kwenye karatasi moja: pH ya udongo, na kilo za chokaa zinazohitajika kwa ekari.